KUISHI NA KUJENGA: MCHEZO WA THE SIMS NA SAA INAYOSIMAMA

Na mwanachama wa Kidato cha Tatu

Kila mwaka kurasa hizi hujaa mashairi, insha na vitendawili, nasi huvisoma tukafurahi. Leo nimeonelea nikuletee jambo geni kidogo, nalo ni mchezo wa tarakilishi. Tafadhali mwalimu wangu, usilifunge jarida kwanza! Nisubiri hadi mwisho ndipo utoe hukumu. Huenda ukakuta kwamba mchezo huu una somo ambalo hata mabweni yetu yanalihitaji.

Mchezo wenyewe unaitwa The Sims. Ulitolewa huko Marekani mwezi wa Februari mwaka 2000 na kampuni ya Electronic Arts, baada ya kutengenezwa na kampuni ndogo iitwayo Maxis. Kufikia mwezi wa Machi mwaka 2002 ulikuwa umeuzwa kuliko mchezo mwingine wowote wa tarakilishi hadi wakati huo, nakala zaidi ya milioni 6. Toleo la pili lilifuata mwaka 2004, la tatu mwaka 2009, na la nne mwaka 2014. Tangu Oktoba 2022 toleo hilo la nne, katika umbo lake la msingi, hutolewa bure bila malipo. Ndiyo maana siku hizi wengi wetu tumeuona, kama si kwa binamu basi kwa jirani.

Katika mchezo huu hakuna bunduki, hakuna mbio za magari, wala hakuna goli la kufungwa. Unapewa familia ya watu wadogo ndani ya kioo cha tarakilishi, unapewa kiwanja, halafu unaambiwa, "Haya, waishi." Wale watu wadogo tutawaita Wasim, na mmoja wao Msim. Wanakula, wanalala, wanaoga, wanaenda kazini, wanagombana na kupendana. Wanazungumza lugha yao iitwayo Simlish, ambayo waigizaji waliibuni papo hapo wakati wa kurekodi. Haina maana yoyote, lakini ukiisikiliza utajua kabisa huyu amekasirika na yule anabembeleza.

Sasa basi, jambo linalowatatiza wengi wanaoanza si lugha hiyo. Linalowatatiza ni kwamba mchezo huu una pande mbili, upande wa kuishi na upande wa kujenga, na mchezaji huvuka kutoka upande mmoja hadi mwingine mara nyingi sana. Asiyejua kuvuka kizingiti hicho familia yake huteseka. Hilo ndilo ninalotaka kulieleza.

MCHEZO ULIZALIWA NA MOTO

Kwanza tujue asili yake, kwa maana mwacha asili ni mtumwa.

Mwanzilishi wa mchezo huu ni Bwana Will Wright, yule yule aliyeunda SimCity mwaka 1989, mchezo wa kujenga miji. Bwana huyu alikuwa akiishi karibu na mji wa Oakland, jimbo la California. Mwezi wa Oktoba mwaka 1991 moto mkubwa ulishuka kutoka milimani pale ukisukumwa na upepo mkali. Watu 25 walipoteza maisha, na maelfu ya nyumba yakateketea. Nyumba ya Wright ilikuwa miongoni mwa zilizoungua.

Mtu aliyeunguliwa na nyumba huanza upya kama mtoto mchanga. Anahitaji kijiko, anahitaji kitanda, anahitaji shati. Wright alipokuwa akinunua vitu kimoja baada ya kingine alianza kujiuliza: Je, kila kitu hiki kinanisaidia nini? Kipi ni cha lazima, na kipi nilikuwa nacho tu bila sababu? Kutokana na maswali hayo akapata wazo la mchezo wa kujenga nyumba na kuijaza vyombo.

Hapo mwanzo, kumbuka vizuri, ulikuwa mchezo wa usanifu wa majengo. Mchezaji angejenga nyumba, kisha watu wadogo wangetiwa ndani ili waipime. Je, wanafika jikoni bila kugongana? Je, choo kiko karibu? Lakini Wright na wenzake wakaona kwamba wale watu wadogo wanafurahisha kuwatazama kuliko kuta zenyewe. Basi waliokuwa wapimaji wakawa wenye mchezo. Kwa muda wazo hilo liliitwa "Dollhouse", yaani nyumba ya mwanasesere, na wakubwa wengi pale Maxis hawakulichangamkia. Lilipata nguvu baada ya Electronic Arts kuinunua Maxis mwaka 1997.

Kwa hiyo pande mbili za mchezo huu zilitokana na swali moja tu. Upande wa kujenga unauliza, "Nyumba iweje?" Upande wa kuishi unajibu, "Haya, tuone kama inakalika."

HALI TATU, BAADAYE MBILI

Katika toleo la kwanza kulikuwa na hali tatu kuu, na kila moja ilikuwa na kitufe chake juu ya kibodi.

Ukibonyeza F1 unaingia katika hali ya Kuishi, ambayo kwenye kioo imeandikwa Live. Hapa saa inakwenda. Jua linachomoza na kutua, njaa inauma, gari la kuwapeleka kazini linakuja na kungoja kama saa moja ya mchezo, kisha linaondoka zake. Wewe unawaelekeza Wasim: pika, lala, msalimu jirani.

Ukibonyeza F2 unaingia katika hali ya Kununua, yaani Buy. Hapa kuna duka zima la vitanda, meko, runinga, taa na vyoo. Ukibonyeza F3 unaingia katika hali ya Kujenga, yaani Build. Hapa unasimamisha kuta, unaweka milango na madirisha, unatandika sakafu na kuchimba bwawa la kuogelea. Katika hali zote mbili za mwisho saa imesimama tuli.

Utaratibu huo wa hali tatu uliendelea katika toleo la pili na la tatu. Toleo la nne la mwaka 2014 liliunganisha kununua na kujenga vikawa hali moja. Ukitafakari utaona ni jambo la busara. Mwenye kujenga jiko si huwa anafikiria meko papo hapo? Nani hujenga chumba cha kulala bila kukisia kitanda kitakaa wapi? Hata hivyo F2 na F3 zimebaki pale pale. Ya kwanza inakupeleka penye vyombo, na ya pili inakupeleka penye kuta.

Kwa ufupi, msomaji, kuna upande wenye wakati na upande usio na wakati. Hilo ndilo la kushika.

SAA INAPOSIMAMA

Katika mwendo wa kawaida, dakika moja ya saa yako ya mkononi ni kama saa nzima ya Wasim. Siku yao nzima ya saa 24 hupita katika dakika 24 zetu. Kwa hiyo katika hali ya Kuishi, ukizubaa dakika tano kwenda kunywa maji, Msim amekwisha kukaa saa tano bila maagizo. Atajitafutia la kufanya mwenyewe, na pengine atasinzia mezani.

Lakini ukivuka kwenda kujenga, yote hayo huganda. Aliyenyanyua mguu hubaki ameunyanyua. Aliyekuwa na njaa kidogo hubaki na njaa kidogo ile ile, hata ukikaa huko ukichagua rangi ya pazia kwa saa mbili. Hakuna ada ya wakati na hakuna fundi wa kungojewa. Ukuta unasimama mara tu unapouchora, na bomba halihitaji kuunganishwa na yeyote.

Je, ni kitu gani hakigandi? Pesa! Kila familia mpya katika toleo la kwanza ilianza na simoleoni 20,000, simoleoni zikiwa ndizo shilingi za huko. Kila tofali unaloliweka hukatwa papo hapo kutoka katika akiba hiyo. Ukirudisha kitu dukani siku ile ile uliyokinunua, unarudishiwa bei yake kamili. Ukilala nacho usiku mmoja, thamani yake imeanza kushuka. Kitanda cha jana ni mtumba leo. Jamani, hata huko mitumba ipo!

Kwa hiyo mtu mwenye tamaa hujenga jumba kubwa kwa simoleoni zote, akarudi katika hali ya Kuishi akiwa na sebule ya kifahari isiyo na jokofu. Wasim wanazunguka ndani ya jumba lao wakiwa na njaa, wakimpungia mkono mchezaji na kunung'unika. Halafu bili zinakuja, kwani katika toleo la kwanza huletwa kila baada ya siku tatu. Zisipolipwa kwa muda, huja mtu wa kunyang'anya vyombo, naye haombi ruhusa. Mwenye jumba kubwa anabaki na kuta tupu. Tamaa mbele, mauti nyuma.

VYOMBO VINAVYOITA

Sasa tuingie ndani kidogo tuone siri ya mitambo hii, maana wengi hucheza bila kuijua.

Kila Msim ana mahitaji. Katika toleo la kwanza yalikuwa manane: njaa, starehe ya mwili, usafi, haja, nguvu, burudani, urafiki na hali ya chumba alimo. Katika toleo la nne yamebaki sita. Kila hitaji lina kipimo kinachopungua polepole wakati saa inapokwenda.

Je, Msim anajuaje kwamba jokofu linaondoa njaa? Hapa ndipo penye uhodari. Msim mwenyewe hajui! Ni jokofu linalojua. Kila chombo kimepewa maarifa yake ndani yake, na kila chombo hutangaza kwa Wasim, kana kwamba kinanadi bidhaa sokoni. Jokofu linasema, "Njoo kwangu, nitakuondolea njaa." Kitanda kinasema, "Nguvu ziko hapa." Runinga inaita, "Burudani, burudani!" Msim husikia miito yote hiyo, akaipima kwa mahitaji yake na kwa umbali wa chombo, kisha akaelekea kule kunakomfaa zaidi kwa wakati huo. Mwenye njaa husikia jokofu kwa nguvu. Aliyeshiba husikia runinga.

Hiyo ndiyo sababu iliyowawezesha waundaji kuongeza vyombo vipya baadaye, wakianza na nyongeza ya kwanza ya mwaka 2000 iliyoitwa Livin' Large, bila kuwafundisha Wasim upya. Chombo kipya huja na elimu yake mkobani.

Sasa unganisha jambo hili na kizingiti chetu. Unapoweka kochi mbele ya runinga katika hali ya Kununua, hujapamba sebule tu. Umeweka sauti itakayomwita Msim kila jioni. Ukiiweka runinga chumbani karibu na kitanda na ukaliweka rafu la vitabu mwisho wa ukumbi, usimlaumu Msim kwa kutosoma. Wewe ndiwe uliyempangia. Tabia za hali ya Kuishi hupandwa katika hali ya Kujenga.

Nawe mwanafunzi mwenzangu, kabla hujawacheka Wasim, itazame meza yako ya kusomea nyumbani. Kilicho karibu na mkono wako ni kitabu au ni simu?

NAMNA YA KUVUKA KIZINGITI

Wale wanaotaka kuucheza vizuri nawapa utaratibu ufuatao.

Kwanza, anza na nyumba ndogo. Chumba kimoja, choo, jiko na kitanda vinatosha. Wazazi wetu wengi wanaufahamu mtindo huu. Mtu hununua kiwanja, anajenga vyumba viwili, anahamia, na kuta nyingine zinapanda mwaka hadi mwaka kadiri karo inavyoruhusu. Mchezo unaukubali mtindo huo kabisa. Ishi, pata mshahara, vuka ukajenge kidogo, rudi ukaishi. Hata vijana wa Sheng hujua kwamba keja hujengwa kwa mfuko, haijengwi kwa ndoto.

Pili, kabla ya kuvuka, soma vipimo vya mahitaji. Usiende kujenga wakati Msim anakaribia kuanguka kwa uchovu huku ukijidanganya kwamba umemsaidia. Saa ikisimama uchovu nao unasimama, lakini hauponi. Utamkuta pale pale ulipomwacha.

Tatu, tazama anachofanya kila mmoja. Katika matoleo ya mwanzo, chombo kinachotumika hakisogezwi wala hakiuzwi. Mtu akiwa amelala kitandani, kitanda kimefungwa. Akiwa chooni, choo ni chake. Mngoje amalize. Hata nyumbani hatuvuti kiti kilichokaliwa na mgeni.

Nne, ukiwa upande wa kujenga, fikiria njia kabla ya kufikiria urembo. Msim hutembea kwa miguu na hawezi kupenya ukuta. Ukimzungushia kuta nne bila mlango, hatatoka, hata gari la kazini lipige honi kiasi gani. Fuata kwa kidole njia yake ya asubuhi: kitandani, chooni, bafuni, mezani, mlangoni, barabarani. Njia hiyo ikiwa fupi, anawahi kazini. Ikizunguka nyumba nzima, anachelewa, na katika toleo la kwanza akikosa kazi siku mbili mfululizo anafutwa. Waona? Amefukuzwa kazi na mchoro wa nyumba.

Tano, weka mwanga. Katika toleo la kwanza chumba chenye giza kilishusha kile kipimo cha chumba, na Msim akawa mnyonge bila kujua kinachomsibu. Madirisha mchana, taa usiku.

Sita, kabla ya kurudi hali ya Kuishi, kagua. Ukibadilisha nia kuhusu chombo ulichokinunua, kirudishe siku hiyo hiyo ukiwa bado hujapata hasara. Maji yakimwagika hayazoleki.

Saba, rudi, halafu tazama bila kuingilia. Waache Wasim wajiendeshe kwa siku moja. Wapi wanasongamana? Wapi wananung'unika? Hilo ndilo jibu la mtihani wako wa ujenzi. Kisha vuka tena ukasahihishe.

KIZINGITI KINAPOFUNGWA

Sasa nafika pale nilipotaka kufika tangu mwanzo.

Katika mchezo huu kuna nyakati ambapo huwezi kuvuka. Msim asiyejua kupika vizuri akiwasha meko, moto unaweza kulipuka jikoni. Unaposhika kipanya uende upande wa kujenga ili uweke king'ora au utoboe mlango, kitufe kinakataa. Mwizi anapoingia usiku mambo huwa vivyo hivyo. Katika dharura upande wa kujenga hufungwa, na unabaki na nyumba ile ile uliyoijenga jana, ikiwa na milango ile ile. Kama uliweka king'ora cha moshi kabla, chenyewe huita kikosi cha zimamoto. Kama hukuweka, kimbilia simu, nayo simu iwe haiko nyuma ya ndimi za moto.

Kuna mfano mwingine unaojulikana na wachezaji wote. Katika toleo la kwanza na la pili, Msim aliye bwawani hutoka kwa ngazi tu. Mchezaji mkorofi akivuka na kuiondoa ngazi, kisha akarudi hali ya Kuishi, Msim huogelea na kuogelea hadi nguvu zinamwisha, akazama. Wengi hulicheka jambo hili. Toleo la nne limewapa Wasim uwezo wa kujitoa wenyewe ukingoni. Lakini funzo lake si la kuchekesha hata kidogo. Ngazi iliondolewa wakati saa imesimama na hakuna aliyelia. Kifo kilikuja baadaye, wakati saa inakwenda.

Wenzangu, hapa kwetu Kenya tunalijua jambo hili si kwa mchezo. Usiku wa Machi 2001, katika shule ya upili ya Kyanguli kule Machakos, bweni lilichomwa wanafunzi wakiwa wamelala. Vijana 67 wakafa. Mlango mmoja ulikuwa umefungwa, na madirisha yalikuwa na vyuma. Waliokuwa ndani hawakuwa na nafasi ya kusimamisha saa wakatoboa ukuta. Mungu azilaze roho zao mahali pema.

Mwaka 2008 Wizara ya Elimu ilitoa mwongozo wa usalama shuleni. Unasema milango ya bweni iwe na upana wa futi 5 angalau, ifunguke kwa nje, na isifungwe kwa kufuli wanafunzi wakiwa ndani. Kila mwisho wa bweni uwe na mlango, na katikati pawe na mlango wa dharura wenye alama. Madirisha yasiwe na vyuma na yafunguke kwa urahisi. Nafasi kati ya kitanda na kitanda iwe mita 1.2 angalau, na ujia wa katikati uwe mita 2.

Mtu anaweza kudhani vipimo hivi ni vya wahandisi na wakaguzi peke yao. La hasha! Sanduku unalolisukuma katikati ya ujia kwa sababu chini ya kitanda kumejaa ni ujenzi. Kitanda kinachosogezwa mbele ya mlango wa dharura ili marafiki walale pamoja ni ujenzi. Ufunguo unaotundikwa mahali pasipojulikana ni ujenzi pia. Tunafanya hayo mchana saa ikiwa kama imesimama, tukicheka na kupiga gumzo. Yatakayopimwa ni yale tuliyoyaacha pale usiku, na usiku kizingiti hufungwa. Usipoziba ufa utajenga ukuta, walisema wahenga. Nami nathubutu kuongeza kwamba usiku wa moto hata huo ukuta hutapata nafasi ya kuujenga.

Kwa hiyo nawaomba viranja wa mabweni, na kila mmoja wetu, tufanye kama mchezaji mwema. Jumamosi moja baada ya usafi, tufuate kwa kidole njia yetu wenyewe: kitandani, ujia, mlango, uwanja. Kilicho njiani kiondolewe. Mlango usiofunguka uripotiwe kwa mwalimu wa zamu siku hiyo hiyo. Hiyo ndiyo F3 yetu, na haigharimu hata senti moja.

NA WALE WANAOSEMA NI UPOTEVU WA WAKATI?

Najua wapo walimu na wazazi wanaosema michezo ya tarakilishi inawaharibu vijana. Hawasemi uongo mtupu. Tufanye hesabu kidogo. Ukikaa saa mbili katika hali ya Kujenga, saa ya Wasim haijasogea hata dakika moja. Ungekuwa hali ya Kuishi kwa mwendo wa kawaida, wao wangekuwa wamemaliza siku tano. Lakini ile saa ya ukutani kwako imesogea saa mbili katika hali zote mbili! Kazi ya ziada ya hisabati haijagandishwa na mtu. Vyombo havijajiosha. Mama aliyekutuma dukani yupo mlangoni, na uso wake hauhitaji kutafsiriwa kwa Simlish.

Hiyo ndiyo hatari ya upande usio na wakati. Humfanya anayejenga asahau kwamba yeye mwenyewe yumo katika hali ya Kuishi, na hana kitufe cha kutokea. Kwa hiyo acheze likizoni baada ya kumaliza kazi za nyumbani, aweke kipimo chake cha muda, na kipimo kikifika afunge. Mwenye kujua kuvuka kizingiti ndani ya mchezo ajue pia kuvuka kizingiti cha kutoka nje ya mchezo.

Ila tusiseme pia kwamba hauna faida. Humfunza kijana kupanga kabla ya kutenda, kukadiria pesa, na kutofautisha hitaji na pambo. Humwonyesha kuwa nyumba inapimwa na wanaoishi ndani yake, si na wapita njia. Wapo wachezaji wasiopenda kabisa upande wa kuishi. Kazi yao ni kujenga tu, na nyumba zao huwagawia wenzao ulimwenguni ili wengine waishi ndani yake. Huenda miongoni mwetu yupo atakayekuja kuwa msanifu wa majengo. Nikimpata nitamsihi jambo moja: uchorapo bweni, mtie kwanza ndani yake mtoto mmoja wa kidato cha kwanza, usiku, taa zikiwa zimezimwa, halafu umfuate kwa kidole hadi nje.

Hadi hapo, msomaji mpenzi, sina la ziada. Ukiwa na swali nitafute baada ya chakula cha mchana pale tunapokutania wanachama, tuongee kwa Kiswahili sanifu, au hata kisicho sanifu sana. Tukijaliwa tukutane katika toleo lijalo. Wasalaam.